Gitaa la Mtu Mmoja: Wimbo na Madoido Yake

Vijana wa bendi wana ugomvi usiokwisha. Mpiga gitaa akikaa peke yake, hana mtu wa besi, hana wa ridhim, hana ngoma, afanye nini? Akicharaza wimbo mtupu, uzi mmoja mmoja, watu watasema amepwaya. Akijaza kordi na madoido kila mahali, wimbo unazama na msikilizaji anabaki kuuliza, "Hivi huyu anapiga nini?" Wapo wanaodhani swali hili lilizaliwa Marekani kwa wapiga jazz, halafu sisi tukaletewa kama mtumba. Mimi nakataa kabisa. Lina historia yake huku kwetu, na kipande cha historia hiyo kinapita hapa Ugogo.

Kwanza tuliondoe neno lenyewe njiani. Dar es Salaam Jazz Band ilianza 1932, Morogoro Jazz 1944, Western Jazz 1959. Msomaji ukizitafuta santuri zao ukitegemea kusikia jazz ya New Orleans, utangoja sana. Ni muziki wa dansi, rumba iliyotoka Cuba na kupita Kongo, na "jazz" ilikuwa jina la kuonyesha kwamba bendi ni ya kisasa. Katika bendi hizo kazi ya gitaa iligawanywa: solo huyu, ridhim yule, besi mwingine. Kwa hiyo swali letu halikuwatesa sana. Mbaraka Mwinshehe, aliyeingia Morogoro Jazz 1965 na kuanzisha Super Volcano 1973, alikuwa mwimbaji na mpiga solo kwa pamoja, lakini nyuma yake wenzake walishikilia nyumba isianguke. Sauti ikipumzika, gitaa linajibu. Alifariki kwa ajali ya gari Kenya mwaka 1979, akiwa bado kijana.

Aliyelibeba swali hili peke yake mgongoni ni Mwenda Jean Bosco wa Katanga. Mwaka 1952 Hugh Tracey, Mwingereza aliyezunguka Afrika na mashine ya kurekodi, alimkuta Jadotville, mji ambao leo unaitwa Likasi. Bosco alikuwa na miaka kama ishirini na miwili, na gitaa kavu. Humo ndimo ilimotoka Masanga, ambayo imerekodiwa pia bila sauti ya mtu, gitaa tupu.

Sikiliza mkono wake wa kulia. Vidole vinavyofanya kazi ni viwili, gumba na shahada. Gumba linatembea kwenye nyuzi nene, shahada inachezea nyembamba, na kila kimoja kina mwendo wake, kama watu wawili wanaotwanga kinu kimoja bila kugonganisha michi. Watu walioisikia kwenye santuri waliapa kwamba magitaa ni mawili. Hapa pana jambo ambalo wapigaji wengi wanalipita. Bosco hapigi kordi nzima kwa mkupuo. Anaivunja, anaigawa sauti moja moja, na katika kugawa huko ndipo madoido yanapozaliwa. Kwa hiyo pambo halikuja kupandishwa juu ya wimbo baadaye. Wimbo na pambo vimetoka kwenye vidole vilevile viwili, na kwa sababu vidole ni viwili tu, hakuna nafasi ya kujaza upuuzi. Nadhani umaskini wa vidole ulimsaidia.

Rekodi zake zilisambazwa na Gallotone ya Afrika Kusini, kampuni ambayo pia iliuza magitaa ya bei rahisi. Ndiyo maana wazee wetu gitaa kavu wanaliita galatoni. (John Lennon wa Beatles naye alianzia kwenye Gallotone mwaka 1957. Wakubwa wote wamepita kwenye kitu cha bei rahisi.) Baadaye Bosco alifika Nairobi, akasikika sana, na mwaka 1969 akapiga kwenye tamasha la Newport, Marekani. Alifariki 1990, naye kwa ajali ya gari.

Sasa Ugogo. Kabla gitaa halijashuka kwenye treni ya Reli ya Kati, mkoa huu ulikuwa na ilimba. Ni sanduku la mbao lenye vyuma vingi vinavyopigwa kwa gumba za mikono miwili. Baadhi ya vyuma havipigwi kabisa: vinatetemeka vyenyewe jirani zao wakiguswa. Kwenye tundu la sanduku hubandikwa utando wa buibui, unaoongeza ule mvumo kama wa nyuki. Hayo ni madoido, tena mengi, lakini hayagombani na wimbo kwa sababu yanauitikia tu. Mpigaji akinyamaza, nayo yananyamaza.

Na uimbaji wa Wagogo una siri nyingine. Ngazi yao inafuata sauti zinazojitokeza zenyewe ndani ya mvumo mmoja. Mwimbaji wa pili hachagui anavyotaka. Anaruka sauti moja juu ya mwenzake, na hapo wanapata nafasi ya tano au ya nne. Kila sauti inamjua mwenzi wake tangu zamani. Hukwe Zawose wa Doduma, aliyefariki Bagamoyo mwaka 2003, aliweza kuimba, kupiga ilimba na kutikisa njuga za miguuni kwa wakati mmoja, na bado ukasikia wimbo unakwenda wapi.

Wamarekani wenyewe walifika karibu na hapo kwa njia yao. Wes Montgomery aliacha kipiki akatumia gumba. Joe Pass, katika Virtuoso aliyorekodi 1973, karibu yote yuko peke yake: anautaja wimbo kwenye nyuzi za juu, unapovuta pumzi ndipo anaingiza kordi au kamstari ka besi, kisha anaurudia kabla hujausahau. Lakini Pass ana kordi mia na anajizuia. Bosco ana chache na anazitosheleza. Ukinilazimisha kuchagua mwalimu wa kijana mwenye galatoni ya nyuzi tano, nitampa Bosco.

Kinachoniuma ni nani aliyeyaandika haya. Uchambuzi wa vidole vya Bosco ulichapishwa na David Rycroft mwaka 1961 na 1962, kwa Kiingereza. Chibite ya Zawose ilitolewa na kampuni ya Uingereza mwaka 1996. Mimi ninaandika riwaya yenye mpiga gitaa ndani, anayeishi kwenye stesheni kati ya Kigwe na Kintinku, na kila nikifika mahali anaposhika gitaa nalazimika kujua gumba lake linakwenda wapi. Kwa sasa nimempa nyuzi tano, na baba aliyekuwa anapiga ilimba.