Aliyeisoma Anga

SEHEMU YA KWANZA

Mwaka 1966 binti mmoja wa Kimarekani, mwanafunzi wa chuo kikuu aliyekuwa safarini Ulaya, aliingia kwenye ukumbi wa London School of Economics kumsikiliza mwandishi wa riwaya za kisayansi. Binti aliitwa Kay Smith, mzaliwa wa Milwaukee, jimbo la Wisconsin. Baadaye watu wangemfahamu kwa jina la Kay Koplovitz. Mwandishi alikuwa Arthur C. Clarke.

Siku ile Clarke hakuja kusimulia hadithi. Alieleza hesabu aliyoichapisha mwaka 1945, mwaka uleule aliozaliwa Kay. Chombo kikirushwa hadi kilometa 36,000 hivi juu ya ikweta, huizunguka dunia kwa siku moja, sawasawa na dunia inavyojizungusha yenyewe. Aliye chini akitazama juu, chombo hakisogei hata kidogo. Ukishalielekeza dishi lako mara moja, kazi imekwisha. Na vyombo vitatu vya namna hiyo, vikipangwa vizuri, vinatosha kuifikia karibu dunia nzima.

Haikuwa ndoto tena. Mwaka 1964 setilaiti ya Syncom 3 ilikuwa imeshavusha picha za Olimpiki ya Tokyo juu ya Pasifiki hadi Marekani. Michezo na setilaiti vilijuana mapema. Aliyekosekana ni mtu wa kung'amua kwamba undugu ule ungeweza kuwa biashara ya kila usiku, badala ya sherehe ya kila miaka minne.

Kay alirudi kwao na jambo moja kichwani. Alipofanya shahada ya uzamili katika Chuo Kikuu cha Jimbo la Michigan, akaimaliza mwaka 1968, tasnifu yake ilihusu setilaiti za mawasiliano. Kisha akafanya kazi Comsat, kampuni iliyozaliwa na sheria ya mwaka 1962 kwa ajili ya kuendesha setilaiti za biashara za Marekani. Hakuwa na shahada ya uhandisi, lakini alijifunza mitambo ile na masharti yake kwa kina ambacho mameneja wengi wa televisheni hawakukijali. Nalisisitiza hili kwa sababu wanaosimulia habari zake hupenda kuanzia kwenye kiti cha ukurugenzi. Kiti kilikuja baadaye. Kwanza ilikuja hesabu ya anga.

Ili kuelewa alikuwa akielekea wapi, itazame Marekani ya miaka ya 1970. Televisheni ilikuwa mikononi mwa vituo vikubwa vitatu: ABC, CBS na NBC. Michezo ilipewa nafasi zaidi mwishoni mwa wiki na kwenye fainali kubwa. Kebo ilianza kama huduma ya miji iliyozibwa na milima, waya uliovutwa kutoka antena moja kubwa hadi majumbani ili watu wapate picha isiyo na chenga. Chaneli ya HBO, iliyoanza mwaka 1972, ilisafirisha matangazo yake kwa minara, mmoja ukiupokea mwenzake, na ilikuwa bado imekwama upande wa kaskazini mashariki mwa nchi.

Mwaka 1975 bosi wa HBO, Gerald Levin, akaamua kupitia angani. Lakini kurusha ni nusu ya kazi. Lazima awepo wa kupokea. Bob Rosencrans, mkuu wa kampuni ya kebo ya UA-Columbia, akakubali kujenga dishi Florida kwa ajili ya wateja wa Vero Beach na Fort Pierce. Lilikuwa dishi la kipenyo cha mita 10, na halikuwa na faida yoyote kama hakuna kitu kinachoshuka. Katika watu waliokuwa ndani ya mpango huo alikuwamo Kay, na yeye alijua kinachosubiriwa kingepita njia gani.

Tukio la kuzindulia lilikuwa pambano la ngumi: Muhammad Ali na Joe Frazier kwa mara ya tatu, Manila, Ufilipino. Sisi wa Afrika Mashariki hulitaja zaidi lile la Kinshasa la Oktoba 30, 1974, Ali alipomwangusha George Foreman. Mabondia wale walipanda ulingoni saa kumi alfajiri ili Wamarekani watazame kwa saa za usiku wao, nao walitazama kwenye kumbi za sinema, kwa tiketi. La Manila lilikusudiwa kuingia sebuleni.

Ilikuwa Septemba 30 usiku Florida, Oktoba 1 asubuhi Manila. Picha ilitakiwa ipande kwenye setilaiti ya Pasifiki, ishuke Marekani, ipandishwe tena kwenye setilaiti nyingine, ishuke kwenye lile dishi. Kila hatua ilikuwa na mtambo wake, na kila mtambo ungeweza kugoma. Wenye fedha walikuwa wakifuatilia. Picha isiposhuka usiku ule, nani angetoa tena dola zake kujenga dishi la pili?

Dakika zikayoyoma. Manila, mabondia wakaitwa katikati ya ulingo.

ITAENDELEA JUMAMOSI IJAYO

SEHEMU YA PILI

ILIPOISHIA: Dishi la mita 10 limeelekezwa angani Florida. Ali na Frazier wako ulingoni, upande wa pili wa dunia. SASA ENDELEA...

Picha ilishuka.

Ilishuka raundi ya kwanza, ikashuka ya pili, ikaendelea kushuka wakati joto ndani ya ukumbi wa Quezon City, jirani na Manila, likiwakausha mabondia wote wawili. Ni pambano linaloumiza kulitazama hata leo. Katikati Frazier alimsukasuka Ali kwa ngumi za mwili. Mwishoni Ali alimfumba Frazier macho kwa uvimbe. Baada ya raundi ya 14 mkufunzi wa Frazier, Eddie Futch, akamkatalia kata kata bondia wake kutoka tena kwenye kona. Ali akatangazwa mshindi, naye akiwa hoi.

Sasa piga hesabu. Kupanda hadi setilaiti na kushuka ni zaidi ya kilometa 71,000, na picha ilifanya hivyo mara mbili. Kila ngumi iliyotua Manila ilisafiri zaidi ya kilometa 140,000 kabla ya kuonekana Florida, na safari hiyo ilikula kama nusu sekunde tu. Mtu wa Vero Beach alishtuka karibu pamoja na mtu aliyekaa kiti cha mbele ukumbini.

Baada ya usiku ule mabishano yakahama. Swali la kama picha ingeshuka lilikwisha, likabaki la nani atapandisha nini. Desemba 1975 ikarushwa Satcom 1, setilaiti ambayo ingekuwa makao ya chaneli za kebo. Desemba 1976 serikali ya Marekani ikaruhusu madishi madogo ya mita 4.5, na gharama ya kupokea ikashuka. Kampuni za kebo za miji midogo, ambazo jana zilikuwa zikiuza picha isiyo na chenga, sasa ziliweza kuuza kitu ambacho jirani asiye na kebo hakukipata kabisa.

Kitu gani? Kay alikuwa na jibu: michezo. Filamu inaweza kusubiri wiki ijayo. Mechi haisubiri. Ukishaambiwa matokeo, utamu umekwisha. Kwa hiyo anayeileta mechi papo hapo, kutoka mbali, ana bidhaa isiyoisha, kwa sababu kesho ipo mechi nyingine. Jijini New York ulikuwepo ukumbi wa Madison Square Garden, nyumbani kwa Knicks wa mpira wa kikapu na Rangers wa hoki ya barafuni, na kwa ndondi tangu enzi. Matukio yalikuwa tele, lakini mashabiki wa Knicks waliohamia majimbo mengine hawakuyaona.

Septemba 22, 1977, chaneli ya Madison Square Garden Sports ikaingia angani, UA-Columbia wakiwa wabia. Aliyekabidhiwa kuiongoza alikuwa Kay Koplovitz, miaka 32. Marekani haikuwahi kuwa na mwanamke anayeongoza mtandao wa televisheni.

Hapo ndipo nataka msomaji atulie kidogo, maana alichokifanya kwenye kiti hicho kimeingia hadi nyumbani kwako. Vituo vikubwa vitatu viliishi kwa matangazo ya biashara peke yake. HBO iliishi kwa ada ya watazamaji peke yake. Kay akazifungua njia zote mbili kwa pamoja: kampuni ya kebo ilipie kila nyumba inayopokea chaneli, na mwenye sabuni au gari alipie nafasi ya kujitangaza. Leo ukinunua kifurushi cha king'amuzi ili utazame mpira, kisha wakati wa mapumziko ukaonyeshwa matangazo ya biashara, unaishi ndani ya mpango ule. Hata mwenye kibanda umiza anayekusanya kiingilio Jumamosi jioni anategemea chombo kilichosimama kilometa 36,000 juu ya ikweta na mkataba wa haki za matangazo.

Lakini ukumbi mmoja haujazi mwaka. Chaneli ilihitaji ligi za taifa zima, na kubwa kuliko zote machoni mwa Wamarekani wengi ilikuwa besiboli. Kamishna wa ligi hiyo, Bowie Kuhn, hakufurahia hata kidogo mechi kurushwa kwa setilaiti na kumwagika kwenye miji yenye timu nyingine. Wenye timu waliishi kwa tiketi za mlangoni na mikataba ya vituo vya nyumbani. Hakuna chaneli ya kebo iliyowahi kupewa haki za kitaifa za besiboli.

Kay akaenda kuziomba.

ITAENDELEA JUMAMOSI IJAYO

SEHEMU YA TATU

ILIPOISHIA: Mkurugenzi wa kwanza mwanamke wa mtandao wa televisheni Marekani anaitaka besiboli, na besiboli haiipendi setilaiti. SASA ENDELEA...

Alizipata. Msimu wa mwaka 1979 mechi za Alhamisi usiku zikaanza kwenda hewani kupitia chaneli yake. Mwaka huohuo ikaja NBA. Kwa mantiki ya biashara mkataba wake na besiboli ulikuwa na akili: badala ya mechi kuibiwa na kila mwenye mtambo, ligi yenyewe iuze usiku mmoja wa wiki na ipokee fedha. Mtu aliyeogopa anga alihitaji mtu anayeijua amwonyeshe kwamba inaweza kuwekewa uzio wa makubaliano.

Upo upungufu mmoja ambao hata mikataba hiyo haikuuziba. Nafasi aliyokuwa nayo kwenye setilaiti ilikuwa ya kugawana. Machi 19, 1979, chaneli ya C-SPAN ilianza kuonyesha vikao vya Baraza la Wawakilishi la Marekani, na Rosencrans alikuwa miongoni mwa walioisimamisha kwa fedha na moyo. C-SPAN ikaingia kwenye njia ileile ya setilaiti. Mchana wabunge, jioni michezo. Kwa nchi lilikuwa jambo jema sana, na sioni sababu ya kumlaumu yeyote. Kwa Kay lilimaanisha kwamba jua linapowaka, skrini si yake.

Wakati huo huko Connecticut, Bill Rasmussen, aliyekuwa amepoteza kazi kwenye timu ya hoki, na mwanawe Scott, walikuwa wameulizia bei ya kukodi nafasi kwenye Satcom 1. Walitaka saa chache za jioni. Wakagundua kwamba kukodi usiku na mchana, saa 24, kulikuwa nafuu kuliko kukodi saa tano kila jioni. Wakachukua saa zote. Kisha kampuni ya mafuta ya Getty ikaweka dola milioni 10 na kuchukua sehemu kubwa ya hisa.

Septemba 7, 1979, saa moja jioni, ESPN ikawashwa. Mchezo wa kwanza walioonyesha ulikuwa softiboli, na moja ya timu mbili ilitoka Milwaukee. Ligi kubwa hawakuwa nazo. Saa walikuwa nazo, na fedha za mafuta, na dishi lilelile lililompokea Kay liliweza kuwapokea na wao bila kuguswa.

Anga aliyoisoma Kay mapema sasa ilikodishwa kwa yeyote mwenye hundi.

Miezi saba hivi baada ya usiku ule, jina la Madison Square Garden lilitoweka kwenye skrini ya chaneli yake. Nani aliliondoa, lipi likawekwa mahali pake, na je, yule mwanamke bado alikuwa kwenye kiti?

ITAENDELEA JUMAMOSI IJAYO