Kansas City Monarchs: wachezaji waliosubiri miaka 100 kuandikwa

Mwishoni mwa mwezi wa tano 2024 ligi kuu ya besiboli ya Marekani ilibadilisha kitabu chake cha hesabu. Jina la Ty Cobb, lililokaa juu ya wapigaji wote kwa miaka mingi, lilishuka nafasi ya pili. Juu yake likapanda jina la Josh Gibson, Mmarekani mweusi aliyefariki Januari 1947 bila kuruhusiwa kucheza hata siku moja katika ligi hiyo. Katika kila mara 1000 za kupiga, Cobb alifaulu mara 367, Gibson 372.

Gibson alikuwa wa timu ya Homestead Grays. Lakini leo nataka tuongee juu ya wapinzani wake, Kansas City Monarchs, kwa sababu kwa timu hiyo mambo yote yanaonekana: namna watu walivyocheza mbele ya maelfu ya watazamaji na bado hawakuwemo kwenye orodha, na namna walivyokuja kuandikwa wakati karibu wote wako kaburini. Anayekaa kambini huku kwetu hahitaji kuelezwa sana. Kama jina lako halikuandikwa siku ya kuandikisha, hauna jetoni, na siku ya ugawaji hakuna atakayekuuliza umelala pale miezi mingapi.

Besiboli si mchezo wetu, kwa hiyo niseme kidogo. Mrushaji anarusha mpira mdogo, mgumu. Mpigaji wa timu nyingine anaupiga kwa gongo la mti, kisha anakimbia kupitia vituo vitatu mpaka arudi alipoanzia. Akirudi salama, timu yake inapata pointi 1. Kila tendo linaandikwa: nani alipiga, nani alikosa, nani alirusha. Katika mpira wa miguu tunakumbuka magoli, mengine tunasahau. Kwa Wamarekani, besiboli ni hesabu, na watoto wanazijua kwa moyo. Ndiyo maana kutokuwemo katika kitabu kile ni jambo zito.

Tangu miaka ya 1880 wenye timu kubwa walikubaliana kutochukua wachezaji weusi. Sheria hiyo haikuandikwa mahali popote, na labda ndiyo sababu ilidumu: huwezi kushitaki karatasi ambayo haipo. Weusi wakaunda timu zao. Tarehe 13 Februari 1920, katika jengo la YMCA mtaa wa Paseo, mjini Kansas City, Rube Foster aliwakusanya wenye timu hizo wakaanzisha Ligi ya Taifa ya Weusi. Monarchs walikuwa miongoni mwa waanzilishi. Mwenye timu, J. L. Wilkinson, alikuwa Mzungu, na wachezaji wake walimsifu kwa kitu kimoja ambacho si kidogo: alilipa mishahara.

Baadhi ya wachezaji wa kwanza walitoka jeshini, katika kikosi cha 25 cha askari weusi wa miguu. Mkubwa wao alikuwa Wilbur Rogan, waliyemwita "Bullet", yaani Risasi. Alirusha mpira kwa nguvu kama jina lake, na siku ambayo harushi alisimama na gongo akapiga kuliko wapigaji wa kazi. Wakati Wazungu walikuwa wanamshangaa Babe Ruth kwa kujua kurusha na kupiga, Kansas City walikuwa na wa kwao. Rogan alifariki 1967. Aliingizwa katika Jumba la Mashujaa wa Besiboli, huko Cooperstown, mwaka 1998.

Mwaka 1924 Monarchs walikutana na Hilldale, timu ya karibu na Philadelphia, katika fainali ya kwanza ya ligi mbili za Weusi. Walicheza michezo 10. Wa mwisho, kocha wao José Méndez, Mkuba ambaye mwili wake ulikuwa tayari umechoka na mganga alikuwa amemkataza, aliingia mwenyewe kurusha. Hilldale hawakupata pointi hata moja. Méndez alifariki miaka minne baadaye.

Kisha uchumi wa dunia ukaanguka. Wafanyakazi hawakuwa na nafasi ya kuja uwanjani mchana, na waliokosa kazi hawakuwa na pesa. Wilkinson alikopa pesa, akanunua jenereta na nguzo za taa zilizosimamishwa juu ya malori. Mwezi wa nne 1930, mjini Enid, Oklahoma, Monarchs walicheza usiku. Ligi kuu ya Wazungu ilicheza usiku mara ya kwanza 1935, miaka mitano baadaye. Wachezaji walilalamika kwamba jenereta inapiga kelele na mpira ukipanda juu ya taa unapotea gizani. Lakini watu walikuja, na timu ikapona.

Malori yale yanaeleza pia maisha yao. Ligi ilikuwa na michezo michache. Pesa nyingi ilitoka barabarani, katika miji midogo, leo hapa, kesho kule. Walicheza mchana, wakacheza usiku, wakalala ndani ya basi kwa sababu hoteli ziliwakataa. Mji uliowashangilia saa nane ulikuwa unawanyima chakula saa mbili usiku. Buck O'Neil, ambaye tutarudi kwake, alipenda kusimulia kisa cha Muskogee, Oklahoma, cha mwaka 1945. Yeye alikuwa bado katika jeshi la majini. Alikisikia kwa wenzake. Basi la Monarchs lilisimama kununua mafuta. Kijana mpya wa timu akaelekea chooni. Mwenye kituo akamwambia hawezi kuingia kule. Kijana akasema: basi, toa huo mpira wako wa mafuta, tutanunua kwingine. Basi kubwa namna ile linajaza tangi, ni faida ya siku nzima. Mwenye kituo akafikiri, akamruhusu. Tangu siku hiyo Monarchs waliuliza choo kwanza, mafuta baadaye. Kijana yule aliitwa Jackie Robinson.

Lakini kabla ya Robinson kuna Satchel Paige, na huwezi kusema Monarchs bila kumsema. Mwaka 1938 mkono wake ulikuwa umekufa kabisa kwa kazi nyingi. Wilkinson alimchukua hivyo hivyo, akamweka katika timu ya pili ya kuzunguka vijijini, kwa sababu jina lake peke yake lilileta watu. Mkono ukapona. Kwa miaka iliyofuata Paige alikuwa ndiyo tangazo la timu: kila mji ulitaka kumwona, na kwa kuwa hawezi kurusha mchezo mzima kila siku, alirusha sehemu tatu za mwanzo, akapunga mkono, akaketi. Watu wakaanza kutoka uwanjani.

Aliyeingia nyuma yake alikuwa Hilton Smith. Hapo mimi husimama kidogo. Smith alimaliza sehemu sita zilizobaki, mji hadi mji, mwaka hadi mwaka. Wapigaji wengi wa wakati ule walisema Smith alikuwa mgumu kuliko Paige. Alikuwa mtu wa kimya, hakuwa na mizaha wala mikogo, na kesho yake gazeti liliandika kichwa cha habari juu ya Paige. Sisi watu wa habari tunapenda mwenye maneno. Aliyefanya kazi tunamtafuta jioni, kama muda unabaki. Smith alifariki 1983. Cooperstown walimchagua 2001.

Mwaka 1942 Monarchs walikutana na Grays wa Josh Gibson katika fainali, wakawashinda mara nne. Kuna kisa maarufu kwamba Paige aliwaachia kwa makusudi wapigaji waende vituoni ili tu akutane na Gibson vituo vyote vikiwa vimejaa, kisha akamwondoa. Kuondolewa kwa Gibson ni kweli. Hayo ya makusudi, kila msimuliaji ametia chumvi yake. Muhimu ni hili: waliokuwa uwanjani siku zile waliona mrushaji na mpigaji ambao pengine hawakuwa na wa kulingana nao nchini. Vitabu vikubwa vya hesabu vikakaa kimya.

Robinson alicheza na Monarchs msimu mmoja tu, ule wa 1945. Branch Rickey wa Brooklyn Dodgers alimchukua, na tarehe 15 Aprili 1947 Robinson akaingia uwanjani katika ligi kuu. Sehemu hii ya historia wengi wanaijua. Isiyosemwa sana ni kwamba Rickey hakulipa Monarchs hata dola moja. Alisema hakuna mkataba wa kuheshimu. Wilkinson angeweza kuleta kesi, lakini angeonekana anamfungia kijana mlango ambao Weusi wote waliungoja. Akanyamaza.

Mwaka huo huo Willard Brown na Hank Thompson, wote wa Monarchs, walipelekwa St. Louis Browns. Brown alipiga mpira mmoja mrefu, akazunguka vituo vyote, wa kwanza kufanya hivyo kati ya wachezaji weusi katika Ligi ya Amerika. Gongo alilotumia lilikuwa la mwenzake Mzungu, Jeff Heath, ambaye alikuwa amelitupa. Brown aliporudi kwenye benchi, Heath alilichukua gongo lile akalivunja. Brown alicheza michezo 21, wakamwachisha, akarudi Kansas City. Mlango ulikuwa umefunguliwa, ndiyo, lakini ndani ya nyumba hakuna aliyempa kiti.

Wengine walibahatika zaidi. Paige aliingia Cleveland 1948 akiwa na miaka 42, na timu yake ikachukua ubingwa. Ernie Banks alitoka Monarchs 1953 akawa mchezaji mpendwa kuliko wote Chicago. Elston Howard alikuwa mtu mweusi wa kwanza New York Yankees, 1955. Hakuna timu ya Weusi iliyotoa wachezaji wengi zaidi kwa ligi kuu. Na ndivyo ilivyokufa: mashabiki waliwafuata vijana wao kule walikokwenda. Wilkinson aliuza sehemu yake 1948. Mwaka 1955 ligi kuu ilileta timu yake Kansas City, Monarchs wakauzwa tena, na jina likabaki kuzunguka barabarani mpaka katikati ya miaka ya 1960.

Turudi kwa Buck O'Neil. Alikulia Sarasota, Florida, katika mashamba ya mboga, na sekondari ya mji haikupokea watoto weusi. Alicheza Monarchs, akawa kocha wao, na 1962 akawa kocha wa kwanza mweusi katika ligi kuu, kwa Chicago Cubs. Shule ile ya Sarasota ilimpa diploma ya heshima 1995, akiwa na miaka 83. Lakini kazi yake kubwa ilikuwa mdomo. Alizunguka nchi nzima akitaja majina: Rogan, Smith, Méndez, Brown. Alikuwa mmoja wa waliosimamisha makumbusho ya Ligi za Weusi, Kansas City, 1990.

Mwaka 2006 kamati maalumu ilichagua watu 17 wa besiboli ya Weusi kuingia Cooperstown. Méndez alikuwemo, Brown alikuwemo, Wilkinson alikuwemo. Wote 17 walikuwa wamefariki. O'Neil, aliyekuwa hai, hakuchaguliwa. Inasemekana alikosa kura 1. Wakamwomba azungumze siku ya sherehe kwa niaba ya marehemu. Alikubali. Alisimama mbele ya umati, mzee wa miaka 94, akawasifu waliochaguliwa, akawaomba watu washikane mikono na waimbe naye. Mwezi wa kumi mwaka huo huo akafariki. Jina lake lilichaguliwa Desemba 2021.

Desemba 2020 ligi kuu ilitangaza kwamba ligi saba za Weusi, za kati ya 1920 na 1948, zilikuwa ligi kuu kama zile nyingine. Wachezaji karibu 3400 wakapata jina hilo. Kuingiza hesabu zao kulichukua miaka mingine zaidi ya mitatu, kwa sababu hazikuwa mahali pamoja. Ligi zenyewe hazikuhifadhi vizuri. Zilizookoa kazi ni magazeti ya Weusi: Kansas City Call, Chicago Defender, Pittsburgh Courier. Waandishi wake, wengi kwa mshahara mdogo, walipeleka matokeo ya jioni: majina, pointi, nani alirusha. Watafiti wakakaa miaka mingi juu ya kurasa hizo, mchezo kwa mchezo.

Kwa hesabu mpya, Jackie Robinson ameongezewa mapigo 49, yale ya Kansas City ya 1945, na jumla yake sasa ni 1567. Michezo ya barabarani, ile ya malori na taa katika miji midogo, haikuingizwa. Ni ya ligi tu. Na hata ya ligi, iliyopatikana ni karibu robo tatu. Robo iliyobaki bado inatafutwa katika magazeti ya zamani.