Hukumu Inaporudishwa Kuamuliwa Upya



Ndugu zetu Waislamu wa Kampala, habari ya mahakama yafaa tuianze na kisa anachokisikia kila mtoto chuoni. Mifugo ya watu iliingia usiku katika shamba la mtu ikaliharibu. Nabii Daudi (A.S.) alihukumu, kisha Nabii Suleiman (A.S.) akafahamishwa na Mwenyezi Mungu hukumu iliyo bora zaidi, na Qurani Tukufu, katika Sura ya Anbiyaa, imewasifu wote wawili kwa hekima na elimu. Tena katika waraka unaonasibishwa na Sayyidna Umar (R.A.) kwa Abu Musa Al-Ash'ari, kadhi aambiwa kuwa hukumu aliyoitoa jana isimzuie kuirejea haki leo. Basi kuitazama hukumu mara ya pili si jambo geni kwetu, wala halikuletwa na Wazungu.

Walicholeta wao ni utaratibu wake. Mahakama Kuu ya Uganda ilianzishwa kwa amri ya mwaka 1902, nayo ikafuata sana sheria za Bara Hindi. Katika kanuni za Bara Hindi za mwaka 1908 imo ruhusa ya mahakama ya rufani kulirudisha chini shauri lililokatwa kwa hoja ya mwanzo tu, kabla kiini chake hakijasikilizwa. Ruhusa hiyo ikaingia katika kanuni zetu pia. Mwaka 2000 nguvu yake ilionekana, pale Mahakama ya Juu ilipolirudisha kwa Mahakama ya Katiba shauri la Bwana Paul Ssemogerere na Bwana Zachary Olum, lililokuwa limetupwa kwa pingamizi za awali. Tarehe 10 Agosti mwaka ule ule, mahakama iliyokuwa imelitupa ndiyo iliyoitangua sheria ya kura ya maoni ya mwaka 1999.

Lakini shauri lililogusa roho za watu ni la wafungwa wa Luzira. Wakati ule sheria ilisema kwamba mtu akithibitishwa kuua kwa kukusudia, hukumu yake ni kifo, wala jaji hana hiari. Hakuulizwa mtu umri wake, wala hali iliyomfikisha pale, wala kama amejuta; jaji alitamka tu lililoandikwa. Mwaka 1999 watu 28 walinyongwa Luzira. Miaka michache baadaye Susan Kigula na mamia ya wenziwe walipeleka ombi lao kwa Mahakama ya Katiba, nayo ikatoa hukumu tarehe 10 Juni 2005. Serikali ikakata rufani, na tarehe 21 Januari 2009 Mahakama ya Juu ikakata neno la mwisho.

Adhabu ya kifo yenyewe haikuondolewa. Kilichobatilishwa ni ule ulazima wake, kwa kuwa kusikilizwa kwa haki hakukomi mtu anapoonekana ana hatia. Adhabu nayo ni sehemu ya shauri. Waliokwisha thibitishiwa hukumu na mahakama ya mwisho, ombi lao la msamaha likikaa miaka mitatu bila jibu, adhabu yao ilihesabiwa kuwa kifungo cha maisha. Na wale ambao rufani zao zilikuwa bado, majalada yao yalirudishwa Mahakama Kuu wasikilizwe juu ya adhabu peke yake.

Mtu aweza kuuliza, kwa nini majaji wa juu wasiwapangie adhabu wao wenyewe, wakamaliza? Sababu ni kwamba mahakama ya rufani husoma karatasi, na karatasi zile hazikuwa na neno lolote juu ya hali ya mtu, kwani hakuna aliyeruhusiwa kulisema. Ilibidi arudi mbele ya jaji atakayemwona na kumsikia. Bibi Kigula alirudi, na mwaka 2011 akahukumiwa miaka 20. Mwanzo wa mwaka 2016 akatoka gerezani. Jirani zetu wa Kenya walifuata njia hiyo tarehe 14 Desemba 2017, katika shauri la Muruatetu.

Naam, dawa hii ina uchungu wake. Jalada linaloshuka laweza kukaa, na shahidi hufariki, na anayengoja si karatasi, ni mtu. Waliotuzoeza kusema kwamba rufani ni ushindi hawakuwahi kungoja kusikilizwa mara ya pili.

Jambo hili latuhusu sisi hasa. Ndoa na talaka zetu zilitungiwa sheria tangu mwaka 1906, na Katiba ya mwaka 1995, ibara ya 129, imezitaja mahakama za Makadhi kwa ndoa, talaka, mirathi na ulezi, zianzishwe kwa sheria ya Bunge. Sheria hiyo ikangojewa kwa miaka mingi. Wanaoidai huzungumza sana juu ya nani atakuwa Kadhi, na kidogo mno juu ya rufani. Je, fungu la mjane likikosewa, jaji asiyeijua faraidhi aligawe mwenyewe, au amrudishie Kadhi? Na akirudishiwa, awe Kadhi yule yule? Kenya imeweka kwamba rufani ya hukumu ya Kadhi ikifika Mahakama Kuu, Kadhi Mkuu au makadhi wawili huketi pamoja na jaji kumshauri. Sisi twaona kifungu kama hicho kiandikwe tangu siku ya kwanza, na ndani yake itajwe muda ambao jalada lililorudishwa halitauzidi.