Diwani: Neno Moja, Maana Tatu

Ndugu mwalimu, mwanafunzi wa Kombani akisoma neno "diwani" katika matini ya kale, huenda akamfikiria yule mjumbe wa baraza ambaye nafasi yake ilitwaliwa na mwakilishi wadi mwaka 2013. Je, amekosea?

Neno hili ni la Kiajemi, nalo lilitufikia kupitia Kiarabu. Hapo awali lilikuwa na maana ya daftari la serikali. Kutokana na daftari likaitwa hivyo baraza la watawala, na pia mkusanyo wa mashairi ya mtunzi mmoja. Ndiyo maana W. Hichens alipoyachapisha mashairi ya Muyaka mwaka 1940 aliyaita Diwani.

Sarufi inatusaidia hapa: diwani hii ni kitabu (I-ZI), diwani huyu ni mtu (A-WA). Lakini mtu yupi?

Shika barabara iendayo Lunga Lunga, uteremke hadi pande za Vanga. Huko ndiko ilikokuwa Vumba Kuu, ambayo watawala wake waliitwa madiwani. A. C. Hollis aliandika habari zao mwaka 1900. Diwani wa Vumba hakupigiwa kura. Alitawazwa, na siwa ilikuwa alama ya enzi yake.

Madiwani hawa wawili wamo katika ngeli moja, hivyo sarufi haiwezi kuwatenganisha. Historia ndiyo iwezayo. Basi, kabla hujatia alama ya kosa, muulize mwanafunzi: matini hii ni ya wapi, na ya lini?