Kitabu Kisichosomwa Kimya: Gicaandi na Nguvu ya Sauti katika Historia ya Fasihi ya Wagikuyu

Fikra ya kitabu cha kale chenye siri za sauti, ambacho mwenye kukisoma akitamka neno basi jiwe husogea, imewavutia watu wa mataifa mengi. Wagikuyu wa kale hawakuandika vitabu. Hata hivyo, walikuwa na kifaa kilichokaribia sana fikra hiyo, nacho ni kibuyu cha gicaandi. Makala haya yanakusudia kuchunguza nguvu ya sauti inayonasibishwa na kifaa hicho ilikaa wapi hasa, na historia ya karne ya ishirini inatufunza nini juu yake.

Gicaandi ni kibuyu kikavu chenye mbegu ndani, ambacho hulia kinapotikiswa. Nje yake huchorwa alama, na aghalabu hupambwa kwa kauri. Alama hizo si herufi, kwani haziwakilishi sauti za lugha. Kila moja humkumbusha fanani kipande fulani cha utungo. Utungo wenyewe ni wa mafumbo, na hutendwa na mafanani wawili mbele ya hadhira: mmoja hutega, mwenziwe hutegua. Kwa hiyo kibuyu ni maandishi na ni ala ya muziki kwa wakati mmoja. Hakiwezi kusomwa kimya.

Mwaka 1973 padri Vittorio Merlo Pick alichapisha vitendawili na utungo wa gicaandi katika kitabu. Kazi hiyo ina thamani kubwa, kwani bila yake tungekuwa maskini zaidi. Lakini kalamu ilihifadhi maneno na kuuacha mlio. Kimani Njogu, katika tasnifu yake ya 1993, aliirejesha gicaandi katika uwanja wake aliposisitiza kwamba ni ushairi wa majibizano, akaulinganisha na ushairi wa Kiswahili wa kujibizana. Fanani mmoja peke yake hana utungo kamili.

Je, nguvu hiyo ni ya kimiujiza? Walter Ong (1982) alidai kwamba katika jamii zisizo na maandishi neno ni tukio, wala si kitu, na ndiyo maana huaminiwa kuwa na nguvu. Dai hili lina ukweli, ila lina hatari ya kuifanya nguvu ya sauti kuwa masalio ya fikra za kale. Kwa maoni yetu, swali lapasa kuulizwa kihistoria: ni nani aliyeiogopa sauti, na kwa nini?

Mwaka 1930 serikali ya kikoloni ilipiga marufuku Muthirigu, wimbo na ngoma ya kuwapinga wamishenari na machifu. Hakikuwa kitabu kilichowatia hofu watawala, bali umati ulioimba pamoja. Miaka 47 baadaye jambo kama hilo lilitokea Limuru. Julai 1977 riwaya ya Ngugi wa Thiong'o ya Petals of Blood, inayowashutumu vikali watawala, ilizinduliwa na waziri wa fedha, Mwai Kibaki. Novemba mwaka huohuo tamthilia ya Ngaahika Ndeenda, iliyochezwa na wanakijiji wa Kamiriithu, ilinyimwa kibali, na tarehe 31 Desemba Ngugi akakamatwa.

Pengine msomaji atapinga kwamba kilichoogopwa ni lugha ya Kigikuyu, wala si sauti. Pingamizi hili lina uzito, lakini halitoshi. Caitaani Mutharaba-ini, riwaya aliyoiandika Ngugi gerezani Kamiti, ilitoka mwaka 1980 kwa Kigikuyu, nayo iliuzwa madukani. Mwaka 1982 Maitu Njugira, tamthilia ya nyimbo, ilizuiwa, na ukumbi wa Kamiriithu ukabomolewa. Lugha ilikuwa moja; tofauti ilikuwa umati uliokusanyika kusikia na kuitikia. Inafaa kukumbuka pia kwamba msimulizi wa riwaya hiyo ni mchezaji wa gicaandi, na kwamba, kama Ngugi mwenyewe alivyoeleza mwaka 1986, watu waliisoma kwa sauti majumbani, katika mabasi na katika baa. Kitabu kiligeuzwa kuwa kibuyu.

Kutokana na haya twaweza kusema kwamba nguvu ya sauti haimo katika mbegu za kibuyu wala katika alama zake. Imo katika uhusiano baina ya anayetega na anayetegua, na hadhira inayoshuhudia. Uhusiano huo ukivunjwa, hubaki pambo la makumbusho.

Suala hili linawahusu walimu wa fasihi. Fikiria Kiandutu, mtaa wa wanyonge mjini Thika. Katika Kigikuyu, ndutu ni funza. Jina la mtaa ni historia ya umaskini katika neno moja, na halikuhitaji kitabu ili lidumu. Mtoto wa mtaa huo anaposomeshwa gicaandi kama beti za kukariri kwa ajili ya mtihani, hufundishwa kwamba sauti ya watu wake ni kitu kilichokufa. Akipewa mwenzake wa kujibizana naye, na hadhira ya kuwasikiliza, atakuwa amekisoma kitabu hicho kwa namna pekee kinavyoweza kusomwa.