Ajali Haina Kinga? Solai Inasema Kingine

Niliweka video fupi kuhusu bwawa la Solai, sekunde arobaini hivi, na komenti iliyopendwa kuliko zote ilikuwa hii: ajali haina kinga bro, Mungu alikuwa amepanga. Nilianza kuijibu nikafuta. Nikaanza tena, nikafuta. Jibu lilikuwa linakataa kutoshea kwa komenti, kwa hivyo nimelileta huku. Wasee wa Nax, hii ni ndefu kidogo, vumilieni.

Tuanze na hilo neno lenyewe. Ajali limetoka kwa Kiarabu, na huko maana yake ni muda uliowekwa, yaani siku ambayo mtu ameandikiwa kufa. Sisi tukalichukua tukaligawa kila mahali. Matatu ikiingia chini ya lori, ajali. Ghorofa ikilala juu ya wapangaji, ajali. Bwawa likipasuka, ajali pia. Shida yangu na hilo neno ni kwamba likishatamkwa, hakuna wa kuulizwa swali. Kesi imefungwa kabla haijafunguliwa. Na si ati nataka kupigana na imani ya mtu. Shosh wangu hakosi kanisani hata kukinyesha, na siku ile tulipokuwa tunaangalia habari za Solai kwa TV, ni yeye alisema mvua ni ya Mungu lakini bwawa lilikuwa na mwenyewe.

Sasa nipeleke akili zenu nyuma kidogo, hadi Ijumaa tarehe 6 Januari 1928. Usiku huo ardhi ilitikisika Subukia, hapo tu ng'ambo ya Solai, kwa ukubwa wa 6.9. Hilo ndilo tetemeko kubwa kuliko yote ambayo yamewahi kupimwa Kenya. Ardhi ilipasuka ufa wa zaidi ya kilomita 30 kufuata miinuko ya upande wa Laikipia, na kuna mahali upande mmoja ulishuka kuliko mwingine kwa zaidi ya mita moja. Nairobi walilisikia. Fikiria Haiti mwaka 2010: ukubwa ulikuwa 7.0, karibu sawa kabisa, na watu makumi kwa maelfu walikufa. Je, Subukia? Hakuna simulizi ya mamia waliozikwa chini ya vifusi. Tetemeko karibu lile lile, lakini matokeo ni kama sayari mbili tofauti.

Kwa nini? Jibu halina miujiza. Watu walikuwa wachache na wametawanyika. Nakuru ilikuwa mji mdogo wa reli. Walowezi walikuwa na nyumba za mbao na mawe kwenye mashamba makubwa, na Waafrika waliowafanyia kazi walilala kwenye nyumba za udongo, fito na nyasi. Nyumba kama hiyo ikianguka usiku inakuumiza, lakini si sawa na kuangukiwa na slabu ya saruji. Ni kweli pia kwamba walioandika rekodi za wakati huo hawakuwa na haraka ya kumhesabu kibarua, kwa hivyo sitashangaa kama kuna mtu alisahaulika. Lakini hata ukiongeza hao, hufiki Port-au-Prince, ambako watu walikuwa wamebanana kwenye zege hafifu ambalo hakuna mtu alilikagua.

Ruka miaka 90. Bonde ni lile lile.

Jumatano tarehe 9 Mei 2018, usiku, bwawa la Patel lililokuwa juu ya kilima Solai lilipasua kingo. Mimi nilikuwa sekondari, na kwa wengi wetu ilikuwa habari ya asubuhi. Kule ilikuwa maji na matope yakishuka gizani juu ya watu waliokuwa wanamaliza kula au wameshalala. Vijiji vya Energy na Endao vilibebwa. Shule ya msingi ya Nyakinyua ikaharibiwa. Watu 48 walikufa, wengi wao watoto na kina mama, na mamia wakabaki bila makao. Majirani walikuwa wa kwanza kufika, wakachimba matope kwa majembe na mikono kabla ya Msalaba Mwekundu na wengine kufika na vifaa.

Mvua ilikuwa kubwa mwaka huo, hakuna anayebisha. Masika ya 2018 yalinyesha nchi nzima mpaka barabara zikakatika. Lakini mvua ilinyesha pia Subukia, Bahati, Rongai, hata huku Kiamunyi, na hatukuamka tukiwa tumefagiliwa. Solai ilikuwa na kitu cha ziada: maji mengi sana yaliyokusanywa na mtu, yakawekwa juu ya vichwa vya watu wengine, nyuma ya ukuta wa udongo. Mamlaka ya kusimamia maji, WRA, ilikuja kusema mabwawa ya shamba hilo hayakuwa na leseni. Bwawa hukaa miaka pale kilimani, linaonekana na kila mtu mwenye macho, na ofisi inayotakiwa kulijua inatuambia halikuwa na leseni baada ya watu kuzikwa. Sasa hapo kilichopangwa na Mungu ni kipi?

Kuna swali lingine ambalo huwa hatuliulizi, na kwangu ndilo tamu zaidi: kwa nini watu hao walikuwa pale chini? Hapa ndipo historia inaingia. Enzi za mkoloni, Solai ilikuwa sehemu ya ile ardhi iliyotengewa wazungu. Shamba moja lingeweza kumeza kilima na bonde lote, na Waafrika wakaishi pembeni kama maskwota. Baada ya uhuru, miaka ya 60 na 70, watu wa Nakuru walichanga shilingi zao kwenye makampuni ya kununua ardhi, mashamba yakakatwa vipande vya ekari mbili tatu. Jina Nyakinyua lenyewe ni la enzi hizo. Lakini si mashamba yote yalikatwa. Mengine yalibaki makubwa vilevile, yakabadilisha tu mwenyewe. Ndio ukapata ramani ya ajabu: juu shamba moja kubwa la kahawa na maua, lenye mabwawa yake, na chini familia mamia kwenye vipande vidogo. Wakati wa kiangazi wa chini wanalalamika maji hayawafikii. Masika yakija, yanawafikia yote kwa mara moja.

Halafu ikaja ile sehemu tunayoijua kwa moyo. Helikopta. Wakubwa na magambuti. Blanketi, unga, misa ya wafu, ahadi. Seneti ikaunda kamati maalum. Mwezi Julai 2018 Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma aliamuru watu tisa washtakiwe, wakiwemo wa upande wa shamba na maafisa wa serikali, kwa makosa 48 ya kuua bila kukusudia. Nataka kuwa mkweli hapa, hiyo hatua ilikuwa kubwa. Kwa mara moja serikali yetu ilikubali mahakamani kwamba bwawa kupasuka linaweza kuwa kosa la mtu. Februari 2020 hakimu wa Naivasha akawaachilia washtakiwa, kwa sababu upande wa mashtaka ulikuwa hauko tayari kuendelea. Juni mwaka huo Mahakama Kuu ikafuta uamuzi huo na kuamuru kesi irudi. Mtoto aliyekuwa darasa la sita usiku ule ana kitambulisho sasa. Amekua pamoja na hiyo faili.

Kuna mtu ataniambia, sawa, Solai ni tajiri na bwawa, lakini Sachangwan je? Hapo si watu walijitafutia? Hii nimeisikia tangu nikiwa mdogo, kwa hivyo wacha tuiangalie vizuri.

Jumamosi tarehe 31 Januari 2009, lori la petroli lilianguka Sachangwan, kwenye barabara kuu ya Nakuru kuelekea Eldoret. Watu walitoka na mitungi, ndoo, hata sufuria. Moto ukalipuka. Zaidi ya watu 110 walikufa, na wengine walichomeka mpaka hawakuweza kutambuliwa, wakazikwa pamoja. Siku tatu tu kabla yake, duka la Nakumatt katikati ya Nairobi lilikuwa limewaka na kuua watu wapatao 29. Nchi ilikuwa bado inalia ikaanza kulia upya.

Na papo hapo tukasema: tamaa. Hilo neno linafanya kazi sawa na ajali, isipokuwa lenyewe linamrudishia marehemu lawama. Lakini kumbuka ilikuwa Januari ya mwaka gani. Mwezi huohuo serikali ilikuwa imetangaza njaa kuwa janga la kitaifa, watu milioni 10 wakihitaji chakula, huku magazeti yamejaa kashfa ya mahindi. Mwaka mmoja tu kabla, eneo hilo la Molo lilikuwa limechomwa kwenye vita vya baada ya uchaguzi, watu wakakimbia mashamba, mifugo ikaenda. Sasa mtu ambaye amepoteza msimu mzima anasikia kuna mafuta yanamwagika bure kando ya barabara. Wewe na mimi, tukiwa tumeshiba, tunaona moto. Yeye anaona karo na unga wa wiki mbili. Hesabu yake ilikuwa mbaya, ni kweli, lakini haikuwa ya kijinga.

Kama ingekuwa tamaa ya watu wa Molo tu, isingejirudia kwingine. Septemba 2011 bomba la petroli lilivuja mtaa wa mabanda wa Sinai, Nairobi, wakafa zaidi ya 100. Agosti 2019, Morogoro kule Tanzania, lori likaanguka Msamvu, wengi wakiwa vijana wa bodaboda, wakafa zaidi ya 100. Watu tofauti, nchi tofauti, mtungi ni ule ule. Onyo la "usikaribie tanka" ni zuri na mimi nalirudia, lakini ukilitoa peke yake kwa mtu ambaye hana kitu, umemwachia kazi yote yeye.

Mai Mahiu nitaipitia haraka kwa sababu wengi wenu mnaikumbuka. Alfajiri ya tarehe 29 Aprili 2024, kijiji cha Kamuchiri kikafagiliwa, zaidi ya watu 50 wakafa. Habari za kwanza zilisema ni bwawa. Baadaye serikali ikasema hapana, ni kalavati chini ya reli ya zamani: ilizibwa na takataka, magogo na mawe, maji yakajaa nyuma ya tuta la reli mpaka likaachia. Yaani hata bila mtu kuamua kujenga bwawa, tulipata bwawa. Lilijijenga lenyewe kwa kukosa mtu wa kuzibua.

Na sasa nijiseme mimi, maana wanakontenti hatuko safi. Machi 2018 ufa mkubwa ulifunguka karibu na barabara ya Mai Mahiu kwenda Narok. Dunia yote ikashika simu: Afrika inagawanyika! Wanajiolojia walieleza polepole kwamba ufa ulikuwepo kitambo, umejaa majivu ya volkano, na mvua imeyaosha. Nani alisikiliza? Ufa ulikata barabara na kuhamisha familia, lakini ukawa nyota wa intaneti. Wiki saba baadaye Solai ikaua watu 48, na huko nje ikapita kama tangazo. Bara kupasuka kunavutia kuliko leseni ya bwawa. Mi mwenyewe najua video gani ingepata watazamaji wengi.

Hili wazo halikuanza na mimi. Mji wa Lisbon ulipobomolewa na tetemeko mwaka 1755, siku ya Watakatifu Wote, watu wakiwa makanisani, Ulaya nzima ilibishana kama Mungu amekasirika. Rousseau akamwandikia Voltaire barua mwaka uliofuata akimkumbusha kitu kimoja rahisi: maumbile hayakujenga pale zile nyumba maelfu za ghorofa sita saba. Ni karibu miaka 270 sasa, na bado mimi nabishana kwa komenti.

Nirudi mtaani. Kiamunyi tumekaa kwenye bega la Menengai, kwenye udongo wa majivu unaokunywa maji vizuri hadi siku unapochoka kuyanywa. Nilipokuwa mtoto huku kulikuwa na mahindi na njia za ng'ombe. Leo kuna flati kila kona. Nakuru ilipewa hadhi ya jiji Desemba 2021, na tetemeko la ukubwa wa 1928 likirudi usiku wa leo halitakuta nyumba za fito. Litakuta ghorofa tano, maji yakiwa kwenye matangi juu ya paa, na sijawahi kukutana na mpangaji aliyemuuliza mwenye ploti nani alipima hiyo nondo. Tunauliza kama kuna Wi-Fi.

Kwetu kuna mkondo ambao maji ya mvua yamekuwa yakipitia tangu zamani, unateremka kutoka upande wa kreta. Mwaka jana mtu alinunua ploti pale akajenga ukuta wa mawe katikati ya mkondo. Hakuacha hata tundu. Mvua za mwisho maji yalisimama nyuma ya huo ukuta yakafika magotini, na upande wa chini kuna nyumba za mabati, familia sita. Nilimuuliza fundi kama hawakuona. Akaniambia, "Kijana, mimi nilipewa ramani." Mzee mmoja jirani aliniambia niachane nayo, nitaitwa mchochezi. Nimeipiga picha ukuta ukiwa mkavu na ukiwa na maji, tarehe ikiwa imeandikwa, na nimewapelekea wale wa chini picha zote. Mama mmoja alikuwa ananiuliza barua kama hiyo inaandikwa kwa ofisi gani, ya maji au ya ujenzi. Jumatatu tunaenda naye kuuliza zote mbili.