Kanumba wa Shinyanga, Kabla ya Filamu

Watazamaji wengi walimfahamu Steven Charles Kanumba akiwa tayari nyota wa Bongo Movie, mtanashati wa Sinza aliyeigiza na Wanaijeria. Miaka yake ya televisheni haisimuliwi sana, na Shinyanga alikotoka ndiko kunakosahaulika kabisa.

Alizaliwa Shinyanga tarehe 8 Januari 1984. Alisoma Shule ya Msingi Bugoyi, kisha sekondari ya Mwadui, jirani na mgodi wa almasi uliogunduliwa na Mkanada John Williamson mwaka 1940. Zanzibar ilikuwa na televisheni yake tangu miaka ya 1970, lakini Bara ilisubiri hadi 1994, ITV ilipoanza kurusha matangazo kutoka Dar es Salaam. Kanumba alikuwa na miaka 10. Kijana wa Shinyanga aliyetaka kuigiza mbele ya kamera hakuwa na njia ila kuhama, naye alihamia Dar akiwa bado mwanafunzi: Dar es Salaam Christian Seminary, halafu Jitegemee.

Mwaka 2002 akajiunga na Kaole Sanaa Group.

Kundi hili lilikuwa chuo bila cheti. Michezo yake ilirushwa ITV, na familia nzima zilikaa sebuleni kuisubiri. Mwigizaji alipewa kisa na mwelekeo wa onyesho; maneno mengi aliyapata mwenyewe, papo hapo, akijibizana na wenzake. Ukichelewa kujibu, onyesho limeharibika. Humo ndimo walimopita Vincent Kigosi "Ray" na Blandina Chagula "Johari", na humo alikuwamo mkongwe Muhogo Mchungu, mwenye jina lile lile la filamu ya 1952 ambayo mhusika wake mkuu aliigizwa na Rashid Kawawa, aliyekuja kuwa Waziri Mkuu. Kanumba alionekana katika Jahazi, Dira, Gharika na Baragumu. Ule utulivu wake wa kumsikiliza mwenzake kabla ya kujibu, uliowavutia watu baadaye kwenye filamu, kwa maoni yangu ni matunda ya Kaole kuliko ya safari yoyote ya Nigeria.

Safari hiyo ilikuja na Dar to Lagos mwaka 2006, chini ya mwongozaji Femi Ogedegbe, ambamo Kanumba aliigiza na Mercy Johnson. Zikafuata Uncle JJ na watoto wake machachari, na Devil Kingdom pamoja na Ramsey Nouah.

Televisheni ilimtoa nyumbani. VCD ndizo zilizomrudisha. Biashara ya Kariakoo ilisambaza filamu mikoani, zikauzwa sehemu ya kwanza na ya pili mbalimbali. Upande wa kwao, miji ya machimbo ilikuwa ikikua wakati huo: mgodi wa Geita ulianza uzalishaji mwaka 2000, Bulyanhulu wa Kahama mwaka 2001. Asiye na deki nyumbani alilipa kiingilio kibanda umiza.

Kanumba alifariki nyumbani kwake Sinza tarehe 7 Aprili 2012, akiwa na miaka 28. Maelfu walimuaga viwanja vya Leaders, akazikwa makaburi ya Kinondoni tarehe 10.

Filamu zake bado zinatazamwa. Michezo ya Kaole ndiyo inayohitaji mtetezi. Ewe msomaji wa Shinyanga, Kahama au Geita, kama kabatini kuna kanda ya zamani iliyorekodiwa ITV, usiitupe. Itafutie mtu wa kuihamishia kwenye kompyuta, na waliosoma naye Bugoyi na Mwadui waandike wanayoyakumbuka wangali hai.